Namna ya Kuandika Historia ya Jarida la Kale la Kompyuta: Mfano wa BYTE

Wengi wanaotaka kuandika historia ya majarida ya kompyuta za nyumbani ya miaka ya 1970 na 1980 huanza na makala ndefu, wakazifupisha moja baada ya nyingine, na mwisho wa kazi wakajikuta wameandika historia ya kompyuta wala si ya jarida. Nami nilianza hivyo hivyo, nikapoteza miezi. Jarida lina mwenye mali, mhariri, watangazaji, wasomaji wanaolalamika na makosa yanayosahihishwa mwezi unaofuata. Habari za hayo yote zimo ndani ya toleo lenyewe, ila zimechapishwa kwa herufi ndogo katika kurasa ambazo msomaji wa kawaida huzifunua na kuzipita. Mwongozo huu unaeleza jinsi ya kuzisoma kurasa hizo kwa mtu anayefanya kazi hii akiwa Nairobi, na mfano nitakaoutumia ni BYTE, jarida la Marekani lililotoka kwa mara ya kwanza Septemba 1975 na ambalo toleo lake la mwisho la karatasi ni la Julai 1998.

Nimelichagua BYTE kwa sababu halikufungamana na kompyuta ya kampuni moja, na kwa sababu lilizaliwa wakati ambapo kompyuta ya nyumbani ilikuwa bado ni katoni ya vipuri. Miezi minane tu kabla yake, jarida la Popular Electronics lilikuwa limeweka Altair 8800 kwenye jalada la Januari 1975. Hiyo ilikuwa mashine yenye chipu ya Intel 8080 na kumbukumbu ya baiti 256, isiyo na kibodi wala skrini, ambayo mtumiaji aliiingizia maagizo kwa kupandisha na kushusha swichi za mbele. Jalada la toleo la kwanza la BYTE liliiita kompyuta kichezeo kikubwa kuliko vyote duniani, na maneno hayo yanaeleza vizuri ni nani aliyelengwa: mtu mwenye chuma cha kuchomelea waya mkononi, aliyekuwa tayari kukesha.

Kupata matoleo

Chanzo cha kwanza ni karatasi. Majarida ya aina hii hujitokeza mara chache kwa wauzaji wa inama, yaani wale wanaotandaza vitabu kando ya barabara za katikati ya jiji, ambavyo huwezi kuviona vizuri bila kuinama. Usiulize jina la jarida, kwa maana muuzaji hana sababu ya kulijua. Uliza vitabu vya zamani vya kompyuta, na ukubali kupekua rundo zima la vitabu vya uhasibu na katalogi za vifaa vya ofisi. Mama mmoja wa upande wa Tom Mboya nilipomuuliza alicheka, akaniambia, “Mwanangu, hayo watu hununua ya kufungia njugu,” kisha akavuta katoni kutoka chini ya meza yake. Ndani mlikuwa na majarida manne ya kompyuta, mawili yakiwa yamelowa maji zamani na kurasa zake kushikana. Karatasi inayong'aa ikishashikana na kukauka usiilazimishe kwa kisu, kwa sababu wino hubanduka pamoja nayo. Andika tu kurasa zipi zimeshikana, kisha ukazisome kwenye nakala nyingine. Hifadhi majarida kabatini, juu ya sakafu na mbali na ukuta wa nje, kwani mvua za Machi hadi Mei na baridi ya Julai huleta ukungu hata katika nyumba inayoonekana kavu.

Chanzo cha pili ni picha za kurasa zilizo kwenye intaneti. Internet Archive, maktaba ya bure ya mtandaoni, ina mkusanyiko mkubwa wa BYTE, na bila huo kazi hii isingewezekana kwa mtu wa Nairobi mwenye mfuko wa kawaida. Faili ya toleo moja huweza kuzidi megabaiti 100, kwa hiyo usizipakue kwa bando la simu. Nenda mahali penye Wi-Fi, uchukue matoleo ya mwaka mmoja kwa pamoja, na uyape majina yanayoanza na mwaka na mwezi ili yajipange yenyewe. Kuna pia matini yaliyosomwa na mashine kutoka kwenye picha hizo. Yatumie kutafutia neno, lakini usinukuu kutoka humo hata mara moja kabla ya kuutazama ukurasa wenyewe, kwa sababu mashine huchanganya herufi O na sifuri, herufi l na tarakimu 1, na huunganisha tangazo na makala jirani kana kwamba ni aya moja.

Ukurasa wa majina

Ukishakuwa na matoleo, fungua kila moja kwenye ukurasa wenye majina ya mchapishaji, mhariri na anwani, uyaandike kwenye jedwali lenye mstari mmoja kwa kila mwezi. Kazi hii inachosha. Hata hivyo, ndiyo itakayokupa mifupa ya historia yako, kwa sababu majina hubadilika kabla ya mhariri kueleza sababu, na mara nyingine sababu haielezwi kabisa.

BYTE lenyewe linaonyesha jambo hili tangu mwanzo. Matoleo manne ya kwanza, ya Septemba hadi Desemba 1975, yalitengenezwa katika ofisi za jarida la 73 huko Peterborough, New Hampshire. Hilo lilikuwa jarida la watu wa redio ya ridhaa, wanaojenga mitambo yao wenyewe na kuzungumza hewani kwa kujifurahisha, na mwenyewe alikuwa Wayne Green, ambaye ndiye aliyetajwa kuwa mchapishaji wa BYTE. Mhariri alikuwa Carl Helmers, ambaye kabla ya hapo alikuwa akitoa jarida dogo lililoitwa ECS kwa watu wanaojiundia kompyuta. Mwezi Novemba 1975 wafanyakazi wa BYTE walihama ofisi hizo wakiwa na toleo la Januari mikononi, na jarida likabaki chini ya Virginia Londner Green, aliyekuwa mke wa Wayne Green kabla ya talaka yao. Anayesoma makala peke yake hawezi kujua kwamba kuna lililotokea kati ya Desemba na Januari. Anayelinganisha kurasa za majina analiona papo hapo.

Green hakuridhika kulipoteza jarida, akaamua kuanzisha lingine aliite Kilobyte. BYTE likawahi kulisajili jina hilo kwa ajili ya mfululizo wa vibonzo vyake, na Green akalazimika kuliita jarida lake Kilobaud, lililotoka Januari 1977. Ugomvi wa namna hii uandike kwa uangalifu. Kila upande ulisimulia kivyake, na masimulizi ya miaka mingi baadaye huwa yamenyooshwa na kumbukumbu ya mwenye kusimulia. Njia ninayopendekeza ni kuanza na kile kilichochapishwa mwezi ule ule, kisha kuweka simulizi ya kila mhusika kando yake ikiwa na jina la msemaji, bila kujaribu kuamua kesi ambayo hukuitwa kuihukumu.

Kuna mtego mmoja ulioninasa. Katika jedwali langu la kwanza niliandika kwamba BYTE lilikuwa na wanawake watatu katika uongozi: Virginia Green, Virginia Peschke na Virginia Williamson. Kumbe ni mtu mmoja, ambaye jina lake la mwisho lilibadilika kadiri miaka ilivyopita. Ni yeye aliyeliuza jarida kwa McGraw-Hill, kampuni kubwa ya uchapishaji ya Marekani, mwaka 1979, akaendelea kuwa mchapishaji wake hadi 1983. Kwetu, ambako mtu huweza kuwa Mama Njeri nyumbani, Bi. Wambui kazini na jina la tatu katika kitambulisho, nilipaswa kulishuku jambo hilo mapema. Kwa hiyo ongeza safu moja katika jedwali lako, ya majina mengine ya mtu yule yule, na usihesabu watu mpaka safu hiyo ijae.

Tarehe ya jalada na tarehe ya kweli

Mwezi uliochapishwa kwenye jalada si mwezi ambao jarida lilisomwa. Wachapishaji wa Marekani walizoea kuliuza toleo kabla ya mwezi wake. Toleo la Popular Electronics lenye Altair, ambalo kila mtu hulitaja kuwa la Januari 1975, lilikuwa madukani kabla ya mwaka 1974 kwisha. Makala nazo ziliandikwa miezi kadhaa kabla ya kuchapwa. Na nakala iliyokuja Kenya kwa meli ilitua Mombasa, ikapandishwa Nairobi, ikafika mikononi mwa msomaji wakati wenzake wa Boston wameshasoma masahihisho yake. Ukiandika kwamba msomaji wa Nairobi alifahamu jambo fulani mwezi fulani, uwe na muhuri wa posta, tarehe iliyoandikwa kwa kalamu, au mtu aliyekuwepo.

Mfano mzuri wa kupangia tarehe ni kiwango cha Kansas City. Kompyuta za kwanza zilihifadhi programu kwenye kanda za kaseti, na kila kampuni ilikuwa na namna yake ya kugeuza biti, yaani zile sifuri na moja za kompyuta, kuwa sauti, kiasi kwamba kanda ya mashine moja haikusomeka kwenye nyingine. BYTE liliitisha mkutano mjini Kansas City mnamo Novemba 1975, na matokeo yake yakachapishwa katika toleo la Februari 1976. Makubaliano yalikuwa haya: sifuri iwe mawimbi manne ya marudio ya hezi 1200, na moja iwe mawimbi manane ya hezi 2400, kwa kasi ya biti 300 kwa sekunde. Tukio moja, basi, lina tarehe tatu, yaani ya kukutana, ya kuchapishwa na ya kutumika, nawe huna budi kuzitenganisha.

Hapa fanya hesabu kidogo, kwa sababu humsaidia msomaji wa leo kuhisi alichokihisi msomaji wa wakati ule. Kila baiti ilihitaji biti nane zake, moja ya kuanzia na mbili za kumalizia, jumla 11. Programu ya kilobaiti nane ina baiti 8192. Zidisha kwa 11, gawanya kwa 300, nawe unapata sekunde 300 hivi, yaani dakika tano za kusikiliza redio kaseti ikipiga mluzi. Umeme ukikatika katika dakika ya nne, unaanza upya. Msomaji wa Nairobi hahitaji kuelezewa zaidi.

Matangazo, na tundu lililoachwa na mkasi

Katika miaka ya mwanzo ya 1980 toleo moja la BYTE liliweza kupita kurasa 500, na sehemu kubwa ya kurasa hizo ilikuwa matangazo. Watafiti wengi huyaona kama takataka. Mimi huyasoma kwanza, kwa sababu makala hueleza kile ambacho mhariri alitaka wasomaji wapende, ilhali tangazo hueleza kile ambacho mtu alikuwa tayari kulipia. Chagua kifaa kimoja, kwa mfano bodi ya kumbukumbu ya kilobaiti 16, ufuatilie bei yake kila baada ya miezi sita. Angalia kwa makini kama bei ni ya vipuri vya kujiunganishia au ya kifaa kilichokamilika, kwa sababu tofauti yake ni kubwa na matangazo hupenda kuonyesha iliyo ndogo. Fuatilia pia kampuni: majina kama IMSAI na Processor Technology yanajaza kurasa za miaka ya 1970 kisha yanatoweka, na baada ya IBM kutoa kompyuta yake Agosti 1981, utaona vifaa vya mashine hiyo vikiongezeka mwaka hadi mwaka.

Katika jarida moja kati ya yale manne niliyoyapata kwa yule mama, mtu alikuwa amekata kuponi ya tangazo kwa mkasi, kwa unadhifu kabisa, pembe zote nne zimenyooka. Pembeni, kwa penseli, aliandika bei ya dola, akaizidisha kuwa shilingi, akapigia jibu mistari miwili. Upande wa pili wa ukurasa palikuwa na programu iliyoandikwa kwa BASIC, lugha ya programu ya wanaoanza, na tundu lile lilikuwa limeondoka na mistari tisa ya katikati yake. Nilikaa na ukurasa huo muda mrefu. Mkononi mwangu palikuwa na ushahidi kwamba mtu fulani alitamani kifaa fulani kiasi cha kuharibu programu aliyoinunua kwa fedha zake, na hakuna picha ya intaneti ambayo ingenionyesha hilo, kwa maana wanaopiga picha hutafuta nakala isiyo na dosari. Kwa sababu hiyo, kila toleo la karatasi liandikie maelezo yake: kilichokatwa, kilichopigiwa mstari, majina, mihuri na hesabu za pembeni. Jina la mwenyewe likiwemo, libaki katika daftari lako wala usilichapishe bila ruhusa.

Kuandika upya programu

Hutaielewa hadhi ya majarida haya hadi utakapoketi na kuchapa programu moja mstari kwa mstari, kama walivyofanya wasomaji wake. Zipo programu za leo zinazoigiza kompyuta za kale kwenye kompyuta ya kawaida. Chagua ile inayolingana na mashine iliyotajwa kwenye makala, kisha chapa ukitazama picha ya ukurasa. Usinakili matini yaliyosomwa na mashine. Fanya kazi kwa mistari ishirini ishirini, hifadhi, kisha soma kwa sauti huku mwenzako akifuata ukurasa kwa kidole.

Makosa yatatokea, na kila kosa ni habari. Tuseme umechapa LET K=O kwa herufi badala ya sifuri. Katika BASIC za familia ya Microsoft, herufi O itachukuliwa kuwa jina la kigezo, yaani mahali pa kuwekea thamani, ambacho hakijapewa thamani, na thamani yake itahesabiwa kuwa sifuri, kwa hiyo programu itakwenda vizuri na hutagundua lolote mpaka pale ambapo kigezo O kitapewa kazi nyingine. Katika mashine za Sinclair, kompyuta za nyumbani za Uingereza, kosa hilo hilo husimamisha programu mara moja kwa ripoti nambari 2, kwamba kigezo hakipo. Mtu aliyejifunza kwenye mashine ya kwanza na aliyejifunza kwenye ya pili walikuwa na tabia tofauti za kuandika, na mashine ndizo zilizowafunza tabia hizo.

Kumbuka pia tofauti ya televisheni. Programu iliyohesabu muda kwa fremu za televisheni ya Marekani ilitegemea fremu 60 kwa sekunde, ilhali mitambo ya Uingereza, kama ya kwetu, ilikwenda kwa 50. Mchezo uliopangiwa dakika moja utachukua sekunde 72. Rekebisha mpangilio wa programu ya kuigiza kabla hujamlaumu mwandishi.

Programu ikikataa hata baada ya ukaguzi wa pili, acha kujilaumu, ufungue matoleo ya miezi mitatu hadi sita inayofuata. BYTE lilikuwa na sehemu ya masahihisho iliyoitwa BYTE's Bugs, na barua za wasomaji nazo zilijaa watu walioona mstari uliorukwa na mchapaji. Mimi huweka jedwali la pekee la masahihisho: toleo lenye kosa, toleo lenye sahihisho, na umbali wa miezi kati yake. Jedwali hilo linaonyesha uhusiano wa jarida na wasomaji wake kuliko tahariri yoyote niliyowahi kuisoma. Mwaka 1976 BYTE lilianza hata kujaribu kuchapa programu kama mistari myeusi ya kusomwa na kalamu ya mwanga, ili msomaji asichape kwa mkono. Wazo lilikuwa zuri, ila halikudumu.

Kuzungumza na waliosoma

Mahojiano yaje mwisho, baada ya majedwali. Ukimwendea mzee aliyekuwa fundi wa elektroniki au mhadhiri wa miaka ya 1980 ukamuuliza anakumbuka nini kuhusu BYTE, atakuambia lilikuwa jarida zuri, na mazungumzo yatakwama hapo. Mpe jarida lenyewe mkononi. Majalada yaliyochorwa na Robert Tinney hufanya kazi hii kuliko maswali. Lile la Agosti 1981, lenye puto linalopaa kwa ajili ya lugha ya programu ya Smalltalk, watu hulitambua wakiwa mbali. Waliokuwa mafundi hutafuta safu ya Steve Ciarcia, iliyofunza kuunda vifaa tangu Novemba 1977 hadi mwaka 1988 alipokwenda kuanzisha jarida lake mwenyewe.

Mwamkie, mwache afunue kurasa, unyamaze. Mzee mmoja niliyemtembelea alizipita makala zote bila neno, akafika kwenye tangazo la printa, akaweka kidole juu ya bei. “Hii,” akasema, “tuliiandikia barua ya maombi kazini mara tatu.” Kila mara mtu anapogusa ukurasa, andika nambari ya ukurasa huo, mwezi wa toleo, na tarehe ya siku hiyo, kabla ya kuandika alichosema.